Wimbo Uliofungwa

Mama yake Kitinda hakuwa na neno na madereva. Alilisema hilo mwenyewe wakati anapanga vikombe, akalirudia wakati ananyoosha kitambaa cha kochi, na mtu akishikilia kukwambia jambo ambalo hukumuuliza, jua lina lake. Mwisho alimwambia kaka yake, yaani mjomba wa Kitinda, ambaye alikuwa ameshajichukulia kiti cha karibu na mkate wa wageni. Mjomba akajibu kwamba hata yeye hana neno na madereva, ilimradi wawe wamekaa ndani ya magari yao. Basi wakaelewana.

Kitinda aliyasikia yote hayo akiwa jikoni, anachemsha chai ambayo ilikuwa imechemka zamani. Mchana huo Dereva alikuwa anakuja kujitambulisha, pamoja na shangazi yake wa kumsemea. Moyo ulikuwa unamwenda mbio na mikono imetulia tuli. Ndivyo alivyokuwa tangu utotoni, hofu yake haikufika mikononi.

Jambo lenyewe lilikuwa hivi. Katika kijiji kile cha mlimani kila nyumba ya zamani ilikuwa na wimbo wake. Haukuandikwa popote. Ulikaa kichwani mwa mtu mmoja, naye akizeeka anampa mmoja kati ya watoto. Nyumba ya kina Kitinda ilikuwa na wimbo wa kuitana, ambao watu wa zamani waliuimba kutoka kilima hiki kwenda kile, ukungu ukishatanda na mtu haoni hata vidole vya miguu yake. Kwa sasa aliyeubeba alikuwa mama. Kitinda alikuwa na dada wawili, wote wameolewa, wote watu wazuri, lakini Mungu hakuwapa sauti. Yule mkubwa akianza kuimba, kuku wanatawanyika kutafuta pa kulala. Kwa hiyo wimbo haukuwa na pa kwenda ila kwa Kitinda, mzaliwa wa mwisho. Na mama alishasema bila kuficha kwamba wimbo haushuki mlima. Binti akiolewa hapa juu, na kulikuwa na seremala mmoja mwenye nyumba ya mabati mapya ambaye mama alikuwa hachoki kumtaja, wimbo ni wake. Akiolewa bondeni, atauacha nyumbani na hataufungulia kinywa tena maisha yake yote. Yaani mtoto wa watu alikuwa anachagulishwa kati ya mume na sauti yake mwenyewe.

Na lilikuwapo la pili, ambalo mama hakulijua.

Nyimbo za mlima ule zilikuwa zinafungwa. Mgeni akija kuomba afundishwe, hafukuzwi, maana kumnyima mgeni ni aibu. Anafundishwa, anapigiwa makofi, anaondoka na furaha yake. Ila beti anazopewa zimehamishwa, wa nyuma umewekwa mbele, na pumzi inakatwa mahali ambapo haikatwi. Mgeni hasikii kitu. Mwenyeji anasikia wimbo unachechemea. Kikundi kimoja cha mjini kiliwahi kurekodi wimbo wa nyumba ya jirani, ukapigwa redioni, na kijiji kizima kilicheka mpaka mjomba akashikwa na kwikwi. Wimbo wenyewe, ule ulio wazi, hapewi mtu wa nje. Na mwanamke akimpa mwanamume wimbo ulio wazi, basi ameshamchukua, barua ya posa iwepo isiwepo. Huko juu hata watoto wa shule walijua hivyo. Watu wa bondeni hawakujua, na Dereva alikuwa mtu wa bondeni.

Alikuwa anaendesha lori la maziwa. Kila asubuhi alipanda mpaka kituoni, mahali ambapo Kitinda alifanya kazi ya kupima. Kitinda alitumbukiza kipimo cha kioo kwenye ndoo ya kila mfugaji, na kikizama kupita kawaida alijua ng'ombe amesaidiwa na bomba. Wafugaji walimheshimu sana na hawakumpenda hata kidogo. Dereva, akisubiri tangi lijae, alikaa kwenye bampa akawaomba wafugaji wamfundishe nyimbo. Wakamfundisha. Alikusanya nyimbo za mlima mzima, zote zinachechemea, akawa anaziimba kwa sauti kubwa akishuka, kioo kiko chini, mkono nje, na watu wa barabarani wanashika mbavu. Yeye akadhani wanamfurahia, akawapungia.

Hilo ndilo lililomponza Kitinda. Huruma ilitangulia. Alimwona mtu mzima aliyepewa vibovu vitupu na bado anashukuru, akajikuta kila asubuhi anasikiliza mlio wa lori kwenye kona ya mwisho, na siku linapochelewa anagombana na wafugaji bila sababu.

Asubuhi moja ya msimu wa ukungu lori lilishindwa kushuka. Wafugaji wakarudi makwao, wakabaki wao wawili na ndoo chafu. Dereva akakunja mikono ya shati akaanza kusugua, kazi ambayo haikuwa yake, kwenye maji ya baridi ya kukata vidole. Akawa anaimba wimbo wa nyumba ya jirani, ule ule wa redioni. Kitinda alimtazama mgongo. Akaona hawezi tena. Hakufikiri juu ya seremala wala juu ya mama, alifungua kinywa akamwimbia wimbo wa nyumba yao, ulio wazi, mwanzo hadi mwisho, kama alivyofundishwa. Dereva hakupiga makofi. Aliweka brashi chini, akamwangalia, akauliza kwa sauti ya chini kama anaweza kuurudia. Akaurudia.

Wakati huo Dereva alikuwa bado hajamwambia kitu. Alikuja kumwambia baadaye sana, karibu na bomba la kituoni, maneno yanamkwama, na Kitinda akamsikiliza kwa upole kama mwanamke anayesikiliza habari anayoijua. Kwa hesabu yake mwenyewe alikuwa ameshakuwa mke wa mtu. Hakumwambia yeye wala mwingine yeyote.

Basi wageni wakafika. Dereva alivaa shati lililopigwa pasi mpaka likawa na kona, akaamkia, akaketi ukingoni mwa kochi. Shangazi yake alikuwa mwanamke wa miraba minne na mwenye maneno mazuri, muuza vitambaa, na aliyapanga maneno yake kama anavyopanga mali yake, la kuvutia juu. Alisema wamekuja kwa heshima, wameona ua wakalipenda, na kijana wake hanywi, hapigani, na gari analoendesha halijawahi kuanguka. Mama alimsikiliza mpaka mwisho. Akalisifia shati la kijana. Akauliza hali ya barabara. Kisha akaeleza, taratibu, bila kupandisha sauti, kwamba nyumba hii ina jambo lake, na jambo hilo halitoki, kwa hiyo na binti hatoki. Kijana asione amedharauliwa, bondeni wako wasichana wengi na wazuri kumshinda huyu wake ambaye hata kukosha kikombe ni mpaka aambiwe. Ilikuwa hapana kamili, ila imefunikwa vizuri.

Kitinda alikuwa amesimama mlangoni na birika. Dereva akainua macho wakakutana. Hakuonyesha hasira. Alikuwa na macho ya mtu aliyeambiwa barabara imefungwa na hana njia nyingine anayoijua. Kitinda akamimina chai, na hata tone halikumwagika.

Mjomba, ambaye hawezi kula kwenye kimya, akaona aokoe jahazi. Akasema amesikia kijana ni mwimbaji, lori linasikika kabla halijaonekana, basi kabla hawajashuka awachangamshe kidogo. Dereva hakutaka. Mama akamwambia aimbe tu, hapa ni nyumbani. Akaimba ule wa redioni. Mjomba akageukia dirisha, mabega yanacheza. Mama alitabasamu kwa mara ya kwanza siku hiyo. Mtu aliyefungiwa nyimbo kiasi hicho hakuwa na madhara.

"Umefundishwa vizuri," alisema.

Hapo ndipo shangazi alipotia mkono. Hakufanya kwa ubaya, sifa tu ndiyo ilimsukuma. Alisema huo si kitu, kijana ana mwingine, mtamu, ambao hamwimbii mtu. Yeye huusikia kupitia ukutani tu, akidhani watu wamelala. Mama akaupenda mchezo. Akasema basi na huo pia wausikie.

Dereva alimtazama Kitinda. Kitinda alitazama sakafu, kwa kuwa angemtazama yeye, mama angeona kila kitu. Dereva akachukulia kwamba ameruhusiwa. Akafumba macho:

Uliye ng'ambo ya bonde, washa moto nikuone,
Ukungu umeshatanda, nakuita unione.

Aliimba mpaka mwisho. Hakuwa na sauti kubwa, lakini kila ubeti ulikaa pale Kitinda alipouweka asubuhi ile, na kila pumzi. Mjomba aliacha kutafuna. Mama aliweka kikombe chini pole pole, akakisogeza mbali kidogo na ukingo wa meza.

"Nani kakupa huo?"

"Kitinda, mama."

Mama hakugeuka. Aliuliza akiwa bado anamwangalia kijana, ingawa swali lilikuwa la binti yake. "Lini?"

"Msimu wa ukungu," alijibu Kitinda.

"Alikuwa ameshakutamkia?"

"Bado."

Dereva aliwaangalia mmoja mmoja, akauliza kama amekosea maneno. Mjomba akaona amsaidie.

"Hujakosea, ndiyo shida," alisema. "Wimbo huo huku kwetu mwanamke hampi mwanamume yeyote ila mumewe. Kijana, tangu msimu wa ukungu wewe umeoa. Pole, na hongera."

Shangazi akasema la haula. Dereva aligeuka akamtazama Kitinda, na hakujali tena kama mama yupo, mjomba yupo. Alikumbuka pengine jinsi alivyokwama pale bombani siku ile, anatafuta maneno ya kumwomba mtu kitu ambacho alikuwa ameshapewa. Uso wake ulibadilika, ukawa na furaha na aibu pamoja. Kitinda alitaka ardhi ipasuke. Alitaka pia aendelee kutazamwa hivyo hivyo.

"Umeuimba wapi?" mama aliuliza. "Hizo nyingine unaziimba barabara nzima. Huu je?"

"Huu naimba chumbani. Na kwenye gari, lakini napandisha kioo kwanza."

"Kwa nini? Nani alikwambia ni siri?"

"Hakuna aliyeniambia. Aliponiimbia niliona hajamwimbia mtu mwingine. Nikaona si wa kila mtu."

Kitinda hakujua habari ya kioo. Ilimwingia mahali ambapo maneno ya bombani hayakufika. Akaweka birika chini sasa, kwa sababu lilikuwa zito.

Mama alikichukua kikombe chake akanywa funda moja. Alipozungumza, sauti yake ilikuwa ile ile ya kuulizia barabara.

"Basi msipate taabu. Hakuna aliyeolewa hapa. Wimbo huo umefungwa."

Mjomba akasema hapana, yeye ana masikio, huo ulikuwa wazi kabisa. Mama akamwambia masikio yake yanajua yaliyoruhusiwa kujua. Akamgeukia binti yake kwa mara ya kwanza tangu wageni waingie.

"Wewe nilikupa wa kwako. Si ule wa wageni, si ule wenyewe. Umefungwa kwa ndani, anayeuimba hawezi kujua. Mimi pia mama yangu alinifungia hivyo hivyo. Ule wenyewe alinipa siku nilipoolewa, marehemu baba yako ameketi kando yangu, akatupa wote wawili. Alisema mtu mmoja husahau, ila wawili watabishana, na mabishano yatautunza."

"Kwa hiyo hata mimi ni mgeni," alisema Kitinda.

"Wewe ni mwanangu. Nilikuwa nangoja uniletee mtu."

"Si huyu."

"Si wa bondeni. Wimbo ule uliimbwa hapa kwa sababu ya hapa. Huko chini nani atamwita nani, na kila mtu anamwona mwenzake?" Akawageukia wageni, akawaambia kwa heshima zote kwamba kijana yuko huru, hakupewa kitu, hadaiwi kitu, na wamalize chai kabla baridi haijaingia.

Shangazi alianza kukusanya mkoba wake. Kwake yeye mambo ya mlimani yalikuwa yamefika mwisho. Kitinda hakusogea. Alikuwa na hasira ambayo hakuwahi kuwa nayo, na ndani ya hasira kulikuwa na uchungu, maana zawadi pekee kubwa aliyowahi kumpa mtu ilikuwa imetolewa mbele za watu ikaonyeshwa kwamba ni tupu. Na aliyeifanya tupu ni mama yake mwenyewe.

"Nilimpa chote nilichokuwa nacho," alisema. "Sikumpunguzia. Kama ndani kulikuwa na kasoro, kasoro uliiweka wewe, mama. Mimi nilitoa kizima."

"Sikatai."

"Basi baki nao ule wako. Mimi na huyu tutaimba huu wetu, na watoto tutawaimbia huu huu, na watajua ndivyo ulivyo. Hakuna atakayecheka, kwa sababu hakuna atakayejua isipokuwa wewe. Na wewe hutakuwepo."

Hilo lilikuwa neno kali, na Kitinda alilijua kuwa kali wakati linatoka. Mjomba alimtazama dada yake kwa upole ambao si kawaida yake. Alimwuliza anafikiri wimbo atampa nani, yule mkubwa wa kutawanya kuku? Mama akamwambia ale mkate wake. Lakini hakusema kwa nguvu, na mkono ulioshika kitambaa cha kochi ulikuwa unakinyoosha mahali palipokwisha kunyooka.

Dereva akasimama. Kitinda akachukua sweta lake msumarini, tayari kutoka naye, nguo zitafuata baadaye. Lakini Dereva hakuelekea mlangoni. Alimwendea mama, akasimama mbele yake na mikono nyuma.

"Mama, mimi masikio yangu ni ya bondeni," alisema. "Unipe wazi, unipe umefungwa, kwangu ni mtamu sawasawa. Nitaishi nao huu. Ila yeye sasa ameshajua. Kila akiuimba atasikia hapo kuna kitu hakipo, na atakitafuta mpaka azeeke. Mimi siwezi kuona hivyo. Kama kinachomzuia kuupata ni mimi, nitashuka peke yangu, na lori nitaomba wanibadilishie njia. Mpe wake."

"Nani kakutuma useme hivyo?" Kitinda alimwuliza, machozi yanamlengalenga kwa ghadhabu. "Mimi nimekwambia nautaka?"

"Hujaniambia."

"Basi kaa kimya. Sitaki kupewa wimbo na mama anayenitaka nusu. Nakutaka wewe. Na wimbo nautaka. Vyote viwili navitaka, na sioni haya."

"Lakini utanilaumu, Kitinda. Si leo. Siku moja, ndoo zimejaa, mtoto analia, utanilaumu."

"Nitakulaumu kwa mengi. Hilo halitakuwa la kwanza."

"Na mimi sitakuwa na la kujibu."

"Utajibu. Lini ulikosa la kujibu? Hata hapa ungekaa kimya tungekuwa tumeshafika kwenye gari."

Mjomba alikuwa anawafuata kwa macho, huku na huku. Kisha akamtazama dada yake, kwa sababu mama alikuwa ameinamisha kichwa upande mmoja, kama anavyofanya akisikiliza sauti mbili anazotaka kujua kama zinaweza kukaa pamoja. Dereva na Kitinda walikuwa wameshasahau kama kuna mtu mwingine chumbani, wanabishana ni nani kati yao mwenye haki ya kujinyima.

"Kaeni," alisema mama.

Hawakusikia. Akarudia, wakakaa, kila mmoja ukingo wake wa kochi, na nafasi katikati ambayo mama aliitazama mpaka wakasogea. Mjomba hakungoja kuambiwa. Alibeba sahani ya mkate, akamwonyesha shangazi mlango wa jikoni, na shangazi, ambaye hakuelewa kitu ila alijua biashara inapogeuka, akamfuata na kikombe chake. Mlango ukafungwa. Mama akavuta kiti cha kaka yake, akakiweka mbele ya wale wawili, karibu kiasi cha magoti yao kukaribia kugusana. Alikohoa kidogo kusafisha koo. Kwa karibu alionekana amechoka, na alionekana pia kama mtu aliyebeba kitu miaka mingi na sasa ameona pa kukitua.

"Ubeti wa kwanza uko sawa," alisema. "Kuanzia wa pili, nilikudanganya."